Kisigino Kwanza

Taekwondo ndiyo iliyonilisha na kunisomeshea watoto, na karibu kila mwanafunzi mpya hunijia na ombi lile lile: "Kocha, nifundishe teke la kichwani." Hapo hapo anashuka chini kupiga msamba, akidhani urefu wa teke unatokana na kulainika kwa misuli ya paja.

Mimi huanza na mguu unaobaki sakafuni. Teke la kuzunguka, dollyo chagi kwa Kikorea, linataka goti lipande kwanza hadi kifuani, mguu ukiwa umekunjwa. Kisha mguu wa kusimamia unageuka mpaka kisigino kimwelekee mpinzani. Kisigino kikigoma, nyonga nayo inakwama, na hapo hata anayepiga msamba safi ataishia mbavuni. Kikigeuka, nyonga inafunguka, mwili mzima unazunguka, na mguu unafyatuka kuanzia gotini. Nashika pedi usawa wa sikio langu. Teke bovu hulia tu. Teke zuri hunirudisha nyuma hatua nzima, na bega likauma hadi usiku.

Darasani nina video moja nisiyochoka nayo: fainali ya kilo 80 ya Olimpiki ya Rio, 2016. Cheick Sallah Cissé wa Ivory Coast yuko nyuma 6-4 dhidi ya Lutalo Muhammad wa Uingereza. Sekunde ya mwisho anazunguka, teke linatua kichwani, matokeo yanageuka 8-6, na nchi yake inapata dhahabu yake ya kwanza ya Olimpiki. Vijana hushangilia mguu ulioruka. Mimi huisimamisha video na kuwaonyesha ule mwingine.

Rio ndiko kofia za elektroniki zilikoanza kutumika katika Olimpiki. Siku hizi utamwona mchezaji kaning'iniza mguu wa mbele hewani, anaipapasa kofia ya mwenzake, pointi 3 zinaingia. Kanuni zinaruhusu, na nimepeleka vijana wakashinda hivyo hivyo. Medali nilipokea, sikuzirudisha. Ila teke la kupapasa halinipi raha hata kidogo. Ukumbini kwangu vifaa vya elektroniki hubaki kabatini mpaka mtoto aweze kulitikisa begi zito kwa teke lililofika usawa wa kichwa chake. Wazazi hulalamika kwamba watoto wangu wanachelewa kwenda mashindanoni. Kweli, wanachelewa.