Ukitazama Vanga

Jumatano, 20 Agosti 2025

Nimetoka nyumbani saa kumi na moja u nusu alfajiri kuwahi matatu ya Ukunda. Upande wa pwani, juu ya minazi, palikuwa na mwezi mkonde umelala chali kama dau lililotia nanga. Mshtarii juu yake, Zuhura chini yake, zote zawaka. Nilisimama pale barabarani hadi dereva akapiga honi.

Jioni mpwa wangu amenikalisha chini na simu yake. Bado yuko likizo, na kuna mchezo anaoucheza ndani ya kivinjari, wala hakupakua chochote. Ni mnara wa mawe wenye milango mingi, na kila mlango una fumbo lake. Wa tatu umemshinda. Mlangoni pamechongwa duara lenye vishimo vinane, na chini sakafuni pana sahani nane za mawe, kila moja imechorwa mwezi. Zapangwa kwa mfuatano, mwezi unavyozaliwa, unavyokua na unavyokufa. Ukikosea hata moja, taa yazimika na sahani zote zaporomoka. Tumeziporomosha mara kumi na moja, kisha bando likaisha.

Ijumaa, 22 Agosti

Tumerudi mlangoni. Mwezi mpevu si tatizo, kila mtu aujua. Kuna sahani moja nyeusi tii, isiyo na kitu. Tuliiweka ya kwanza, tukaitoa, tukairudisha. Kazi iko kwenye sahani zilizobaki, ambazo ni pacha: vipande viwili vyembamba, nusu mbili, na miwili iliyokaribia kujaa. Tofauti ya pacha hawa ni moja tu: mmoja una nuru kulia, wa pili una nuru kushoto.

Akaniuliza, “Mjomba, mwezi mwandamo ni huu wa kulia au huu wa kushoto?”

Sikuwa na jibu. Nina miaka thelathini na sita, nimesimama uwanjani kutafuta mwezi kila mwisho wa Shaabani tangu nikiwa mtoto wa kubebwa mabegani, na sikuwa na jibu. Tena miezi ya mchezo ule imesimama wima, kama mundu uliotundikwa ukutani. Nikamwambia wetu haukai hivyo, wetu hulala. Akatazama simu, akanitazama mimi, akaiamini simu.

Jumapili, 24 Agosti

Mwezi umeandama. Tumeuona sote wawili baada ya Magharibi, upande wa bara, chini kabisa, juu ya minazi ya nyuma ya nyumba. Kesho ni Mfunguo Sita mosi.

Nimeuchora hapa kabla haujatua: umelala, tumbo chini, ncha zote mbili juu, ya kulia imeinuka kidogo kama omo. Kando yake nimechora ule wa Jumatano alfajiri jinsi ninavyoukumbuka. Umelala, tumbo chini, ncha ya kulia imeinuka kidogo.

Ni mchoro mmoja. Mwezi wa kufa na mwezi wa kuzaliwa, siku nne kati yao, na mkono wangu umechora kitu kilekile mara mbili. Mpwa wangu ameitazama michoro yote miwili akasema, “Basi fumbo halina jibu.” Nimemwambia jibu liko, tatizo ni mahali tunaposimama.

Nimelifikiria kitandani. Mwezi hauna nuru yake. Upande unaong'aa ndio ule unaolielekea jua. Huku kwetu, digrii nne tu kusini ya ikweta, jua halitui kwa kuteleza pembeni. Latumbukia karibu wima, na mwezi hufuata takriban njia ileile. Kwa hiyo mwezi mchanga una jua chini yake, na tumbo lake hung'aa chini. Alfajiri ni vivyo hivyo: jua liko chini, lakaribia kuchomoza, na mwezi mzee hung'aa chini. Kule London jua hutua kwa mshazari, na mwezi husimama wima zaidi. Aliyeuchora mchezo alichora mwezi wa kwao. Alichora alichokiona, na hilo ni haki yake. Ila mtoto wa Msambweni akipewa mwezi huo ataona macho yake mwenyewe ndiyo yenye kosa, na hilo ndilo linaloniuma.

Jumanne, 26 Agosti

Kazini. Kila asubuhi kabla ya hesabu, kazi yangu ya kwanza ni ubao wa wageni: saa za maji kujaa na saa za kupwa, nazinakili kutoka kwenye jedwali la Kilindini linalotolewa na Mamlaka ya Bandari. Leo chaki imenisimama mkononi. Miaka sita nimeandika namba hizi, nikafuta, nikaandika nyingine, na saa zasogea mbele kiasi cha dakika hamsini kila siku. Mwezi nao hukawia kiasi hichohicho kila siku. Sikuwahi kuviweka pamoja.

Jumapili, 31 Agosti

Tulikwenda Gazi kwa ami. Tulimkuta chini ya mkungu akitengeneza wavu, hana haraka, kwani ni maji mafu. Bahari ilikuwa pale pale, haijai ikajaa wala haikupwi ikakupwa. Kwenye mikoko, karibu na daraja la mbao ambalo akina mama huwatembezea wageni, niliona alama ya maji kwenye mizizi imebaki juu, na maji yenyewe chini yake.

Mpwa wangu alimwamkia, kisha akamwonyesha simu. Ami aliishika mbali na macho, akaipeleka karibu, akairudisha.

“Huu ni mwezi wa wapi?”

“Wa mchezo, babu.”

“Haya. Na wa kweli uko wapi saa hii?”

Ilikuwa saa kumi alasiri. Mtoto akatafuta, akauona: nusu mwezi, mweupe kama ganda la yai, juu ya bahari upande wa kusini. Hakujua kwamba mwezi huonekana mchana. Nilimwona jinsi alivyobaki mdomo wazi.

“Tumbo lake limeelekea wapi?” ami akauliza. “Bara au baharini?”

“Bara.”

“Basi wakua. Mwezi ukikua, jua limetangulia kwenda kulala bara, nao walifuata, tumbo mbele. Ukifa, jua laja nyuma kutoka baharini, tumbo lageukia baharini. Mchanga waonekana bara jioni. Mzee waonekana baharini alfajiri. Hapo huwezi kukosea, hata ukilala vipi.”

Alikuwa bado ameushika wavu. Nikamwambia, ami, mchezo hauna bara wala bahari, una kulia na kushoto tu. Akafikiri kidogo.

“Kulia kwa nani?”

Swali hilo nimelibeba hadi sasa ninapoandika. Huku mwezi hupita utosini mwetu, mara kidogo upande wa kaskazini, mara kidogo upande wa kusini. Ukiutazama umeelekea Mombasa, kaskazini, bara ni kushoto kwako. Ukigeuka ukaelekea Vanga, kusini, bara ni kulia. Mwezi ni uleule, shingo ndiyo iliyogeuka. Lakini mtu wa kaskazini, Ulaya, hana uchaguzi huo. Kwao mwezi ukiwa juu kabisa ya safari yake huwa upande wa kusini siku zote, na ili auone lazima aelekee kusini. Kwa hiyo kwake magharibi, ambako kwetu ni bara, huwa kulia.

Nikamsimamisha mpwa wangu pale mchangani. “Tazama Vanga.” Akatazama Vanga. Bara kulia, bahari kushoto, nusu mwezi mbele yake juu, na nuru yake upande wa kulia. Akashusha macho kwenye simu, akainua, akashusha. Ilikuwa picha ileile.

Hakuniuliza tena. Alikaa kwenye ubavu wa mtumbwi akapanga mwenyewe, kwa sauti: nyeusi, mwembamba wa bara, nusu ya bara, mkubwa wa bara, mpevu, mkubwa wa baharini, nusu ya baharini, mwembamba wa baharini. Duara likazunguka, mlango ukafunguka kwa mlio wa jiwe, na ami akacheka kwa sauti, mtu ambaye kucheka kwake ni kwa nadra.

Jumanne, 2 Septemba

Nyuma ya mlango ule pana mwingine. Umechorwa dau juu ya mchanga mkavu, mawimbi mbali, na chini vishimo viwili. Sahani ni zilezile nane. Dau lataka maji makubwa, hilo liko wazi. Tukatia mwezi mpevu kwenye kishimo kimoja, maji ya mchoro yakapanda nusu, yakasita. Kishimo cha pili kimekataa kila tulichokitia.

Ijumaa, 5 Septemba

Maulidi. Nimechoka, sauti imekauka. Hakuna mchezo leo.

Jumapili, 7 Septemba

Mwezi umepatwa, nasi tumeuona mwanzo hadi mwisho.

Ulitoka baharini kwenye Magharibi, mkubwa, rangi ya embe. Saa moja na nusu ukaanza kuliwa. Kufikia saa mbili na nusu ulikuwa umefunikwa wote, mwekundu kama kaa la moto linalozimika, na ukakaa hivyo dakika 82. Mbalamwezi ilipoondoka nyota zikajitokeza ghafla, nyingi, kama siku za giza ambazo wavuvi wa dagaa hutoka na taa zao. Msikitini imeswaliwa swala ya kupatwa. Niliporudi nikamkuta mpwa wangu bado ukutani, amejifunga leso ya mama yake, hataki kuingia ndani.

Nilimwonyesha kwa ndimu, chungwa na tochi. Tochi ni jua, chungwa ni dunia, ndimu ni mwezi. Ili kivuli cha chungwa kiifikie ndimu, lazima vyote vitatu vikae kwenye mstari mmoja. Akaizungusha ndimu polepole, akaipitisha hadi upande wa pili, kati ya tochi na chungwa, akasimama hapo.

“Hapa pia ni mstari.”

“Hapo pia.”

“Na upande unaotutazama ni giza.”

Nilimwona anafikiri. Mimi nilikuwa nafikiri jambo lilelile, nikanyamaza makusudi.

Jumatatu, 8 Septemba

Kabla ya kuandika ubao nimepekua kurasa za nyuma za jedwali. Tofauti kubwa kati ya kujaa na kupwa ilitokea siku zilizofuata tarehe 23 Agosti, mwezi ulipokuwa hauonekani. Ikapungua, maji yakafa mwisho wa mwezi. Sasa yapanda tena: leo, kesho na kesho kutwa ni bamvua kubwa, zaidi ya mita tatu kati ya kujaa na kupwa. Yaani kila mwezi mwandamo una bamvua mbili. Jua nalo huvuta bahari, kwa nguvu inayokaribia nusu ya ile ya mwezi, na vikikaa mstari mmoja, iwe upande huu au ule, nguvu zao hujumlika. Vikikaa pembe kama mkono uliokunjwa, kila kimoja chapunguza kazi ya mwenzake, na hayo ndiyo maji mafu. Hata saa zimejipanga: Jumapili ya nusu mwezi, saa nne asubuhi maji yalikuwa yanajaa, leo saa nne yamekupwa hadi wageni watembea kwa miguu kuelekea mwambani.

Ami anayajua haya bila jedwali. Mimi nilikuwa na jedwali bila kuyajua.

Nilifika nyumbani na jibu mfukoni, nikakuta halihitajiki. Mpwa wangu alirudi kutoka shule, akatia sahani nyeusi kwenye kishimo cha pili, na dau likaelea. Ile sahani tuliyoidhani kifuniko tu, jiwe lisilochorwa. Ameniambia, “Ulikuwa mwezi muda wote, Mjomba, ila umetupa mgongo.”

Jumapili, 21 Septemba

Hakuna mwezi. Bamvua ya giza.

Tumekwenda Gazi tena, na ami ametutembeza kwenye maji yaliyokupwa, mbali kuliko nilivyowahi kufika. Majani ya bahari yamelala kote upande mmoja, samaki wadogo wamefungiwa madimbwini, kombe zafoka maji ukizikaribia. Akina mama walikuwa mwambani wakichokoa pweza, fimbo mkononi, ndoo kichwani, na kila mmoja ajua dakika ya kugeuka. Mpwa wangu ameshika pweza kwa mara ya kwanza, akapiga kelele, akakataa kumwachia.

Jua lilikuwa limepanda sana, karibu utosini. Akasimama, maji yakimfika kwenye vifundo, akauliza mwezi uko wapi saa hii.

Ami akamfunika macho kwa kiganja chake kwanza, kisha akanyoosha mkono wa pili moja kwa moja kwenye jua.

“Pale pale,” akasema. “Usitazame. Lakini upo.”