Maji ya Mzee

Juma hili nawaandikia juu ya kosa nililolitenda mwezi wa Agosti 2018, ambalo mpaka leo sijaweza kulisimulia bila kuona haya. Lilitendeka usiku, katika jangwa la Chalbi, kaskazini mwa Kenya, na yule aliyekosewa hakusema neno.

Nilikuwa nimealikwa na padre mwenzangu anayefanya utume katika jimbo la Marsabit. Mara mbili kabla ya hapo nilikuwa nimepita Chalbi kwa gari, na mara zote mbili niliporudi parokiani niliwaambia watu kwamba kule hakuna kitu: chumvi, mawe meusi na upepo. Sisi tuliozoea kulisikia neno jangwa likisomwa kanisani tunaona ni jepesi kulitumia kama mfano, na mtu akishakifanya kitu kuwa mfano haoni tena haja ya kwenda kukitazama. Mwenyeji wangu alinisikiliza, akacheka, akanishauri nitembee kwa miguu kutoka Kalacha hadi North Horr, kisha nimweleze upya.

Tulikuwa watatu: mimi, mzee mmoja Mgabra aliyechunga ngamia tangu utoto wake, na mjukuu wake, mwanafunzi wa kidato cha tatu aliyekuwa likizoni. Mzee alikuwa na Kiswahili kidogo, hivyo mengi tuliyazungumza kupitia kinywa cha kijana. Ngamia wa mizigo, dume mwenye hasira za bure, alibeba madumu matatu ya maji, kila moja lita kumi. Mawili yalikuwa yangu. La tatu lilikuwa lao wote wawili. Nilipouliza kama litawatosha kwa siku tatu, kijana alijibu, "Babu anajua kunywa, Padre." Nilidhani ananitania.

Tuliondoka Kalacha alfajiri. Pale pana chemchemi, na kuizunguka imeota mikoma, ile jamii ya mitende ambayo shina lake hugawanyika mara mbili, na kila tawi likagawanyika tena mara mbili. Majani yake husukwa mikeka. Ukishaiacha mikoma nyuma, miti inakwisha. Au ndivyo nilivyodhani nilipokuwa nikipita kwa gari. Mzee alitembea polepole mno kwa kadiri yangu. Kila nilipomtangulia aliniacha niende, na kila mara nilijikuta nimesimama kumngoja, sina la kufanya ila kutazama chini. Hapo ndipo nilipoanza kuona.

Niliona vichaka vifupi kuliko goti, vya rangi ya vumbi lenyewe, vyenye miiba mingi na majani machache, navyo ndivyo chakula cha ngamia kwa miezi mingi ya mwaka. Niliona laga, yaani mkondo mkavu wa mto, na kandokando yake migunga iliyosimama mmoja mmoja kama waamini waliochelewa ibada. Mgunga una miiba ya namna mbili katika tawi moja: mirefu myeupe iliyonyooka, na mifupi iliyopinda kama kulabu. Ngamia hupitisha midomo yake katikati ya yote miwili akatoka na majani. Mizizi ya mti huo hushuka chini sana kuyatafuta maji, na maganda ya mbegu zake huangukia mbuzi wakati nyasi zimekwisha kabisa. Tulipopumzika chini ya mmoja wao mchana ule, mzee aliokota kuni zilizoanguka tu. Nilipotaka kuvunja tawi lililokuwa bado na ubichi, alinishika mkono kwa upole, akalirudisha tawi mahali pake kana kwamba laweza kuungana tena.

Hata hivyo sikuwa nimejifunza kitu. Jioni ile upepo ulivuma kwa nguvu, ukatujaza vumbi machoni, masikioni na ndani ya mikunjo ya nguo. Wenzangu walipolala, nilichukua dumu gizani, nikanawa kichwa, nikaosha miguu, nikasuuza na shati. Maji yaliingia mchangani mara moja, hata tope halikubaki. Nililala vizuri sana.

Siku ya pili tuliingia kwenye chumvi. Chalbi ilikuwa ziwa zamani za kale, na sakafu yake ingali pale, nyeupe, imepasuka vipande vipande, ikivunjika chini ya kiatu kama ukoko wa wali. Kulal ulikuwa upande wetu wa kushoto, mlima mrefu wa samawati ambao tulitembea kutwa usisogee. Mbele yetu mazigazi yalifanya maji tele. Katika maji hayo ya uongo walitokea choroa sita, weusi kwanza, bila miguu, kisha wakapata miguu na zile pembe zao ndefu zilizonyooka. Kijana alinieleza kwamba choroa aweza kukaa muda mrefu bila kunywa. Baadaye nilisoma kwamba mnyama huyo huuacha mwili wake upate joto mchana badala ya kutoa jasho, na usiku joto hilo hutoka lenyewe katika hewa ya baridi. Ngamia naye hufanya vivyo hivyo. Jasho ni maji, na wao hawana ya kumwaga.

Adhuhuri tulitandaza mkeka juu ya fimbo ili tupate kivuli. Nilimwona kijana akiinua dumu lao kwa vidole viwili. Vidole viwili! Nikauliza mbona jepesi hivyo. Akainamisha kichwa.

"Babu alisema tusikuambie, Padre."

Niliyamwaga maji yao, si yangu. Mabaki yao yalikuwa kama lita tatu, nami nilikuwa na dumu moja zima, kwa kuwa lile la kwanza nilikuwa karibu nimelimaliza peke yangu kwa siku moja. Nililisukuma dumu langu mbele ya mzee. Alimmiminia mjukuu wake kikombe, akanimiminia mimi kikombe, akakilowesha kidogo kwa ajili yake mwenyewe, akafunga kifuniko. Nikamsihi. Akasema maneno machache, na kijana akayatafsiri bila kunitazama: mgeni hupata kiu mara mbili, ya mwili na ya hofu, kwa hiyo sehemu yake lazima iwe kubwa.

Wapendwa, nimewahi kukemewa na wakubwa wangu, na mara nyingine nilistahili. Hakuna karipio lililoniingia kama kile kikombe. Tulitembea saa nyingi alasiri ile na sikuthubutu kumtangulia mzee tena.

Asubuhi ya siku ya tatu tulifika kwenye kisima, karibu na North Horr. Ngamia walikuwa wengi, makundi yakingoja, kila moja na zamu yake. Hakuna aliyetuuliza tulikotoka. Wachungaji walisimamisha kazi wakatupatia maji, na mzee akanywesha kijana kwanza, kisha mimi. Halafu akakaa pembeni akisalimiana na watu, habari za malisho, habari za wagonjwa, salamu ndefu zisizo na haraka, kabla ya kunywa yeye.

Wakati huohuo lilishuka kundi la firigogo, ndege wa umbo kama njiwa, wakatua penye maji yaliyomwagika kando ya birika. Wengi walikunywa upesi wakaruka. Dume mmoja alibaki. Aliingia majini hadi kifuani, akajitikisa huku na huku kana kwamba anaatamia. Kijana akaniambia: huyo ana watoto mbali. Manyoya ya tumbo la firigogo dume hunyonya maji kama sifongo, naye huruka nayo hadi walipo vifaranga, nao huyanywa kutoka katika manyoya ya baba yao. Nilimtazama mpaka alipoondoka, mzito kidogo, akielekea kule kule kwenye chumvi tulikotoka sisi.

Tangu mwisho wa mwaka 2020 hadi mwisho wa 2022, misimu mitano ya mvua ilifuatana bila mvua ya kutosha katika nchi ile. Mifugo mingi ilikufa. Kijana, ambaye sasa ni mtu mzima, alinipigia simu mara chache miaka hiyo, na kila mara idadi ya ngamia wao ilikuwa imepungua. Hakulalamika, alitaja idadi tu. Mvua ziliporudi mwaka 2023 alinipigia tena. Chalbi ilikuwa imefunikwa na maji ya kweli, alisema, na babu yake alikuwa ameketi kando yake anacheka.

"Anacheka nini?" nikauliza.

"Anauliza kama Padre bado anaoga usiku."