Msitu wa Mawe huko Sibiloi

Ukitoka Marsabit kwenda kaskazini-magharibi unaiaga lami. Mbele yako ni jangwa la Chalbi, tambarare nyeupe ya chumvi, kisha mji mdogo wa North Horr, kisha mawe meusi yasiyokwisha. Akina mama mnaofikiria safari hii na watoto, chukueni maji mara mbili ya yale mnayodhani yatatosha. Sisi maji tulikumbuka, tukasahau ndimu za kutuliza kichefuchefu, na tulijuta njia nzima.

Hifadhi ya Taifa ya Sibiloi ilianzishwa mwaka 1973, ukingoni mwa Ziwa Turkana upande wa mashariki. Wengi huijua kwa ajili ya Koobi Fora, mahali ambapo visukuku vya watu wa kale vimekuwa vikichimbuliwa tangu 1968. Sisi tulikwenda kuona miti.

Miti hatukuiona. Palikuwa na upepo, jua, na kilima kikavu. Askari wa wanyamapori aliyetuongoza akatuonyesha miguuni petu. Magogo yalilala mteremkoni, yamekatika vipande vipande kama kuni zinazongoja kubebwa. Mistari ya mbao ilionekana, hata mahali tawi lilipoota. Binti yetu alijaribu kuinua kipande cha ukubwa wa mkate, akakiachia kwa mshangao. Kilikuwa jiwe tupu.

Wataalamu wanakadiria kwamba msitu huu uliishi miaka milioni 7 hivi iliyopita, wakati nchi hii ilipokuwa na mvua na kijani kibichi. Gogo likianguka juu ya ardhi huoza au huliwa na mchwa. Lakini likifunikwa upesi na tope au majivu ya volkano, hewa haifiki, nalo huoza polepole mno. Maji yanayopita katika majivu hayo hubeba silika, madini yale yale yaliyomo katika mchanga na kioo. Mama yeyote aliyechemsha maji ya kisima ameona magamba meupe ndani ya birika. Ndivyo silika ilivyojijenga ndani ya mti, tundu kwa tundu, mpaka umbo la mti likabaki na mbao yenyewe ikaondoka. Wekundu na manjano hutokana na chuma.

"Mama," binti akauliza, "mti huu ulipokuwa hai, Adamu alikuwapo?"

Tulitazamana. Swali kama hili ni rahisi kulifukuza, na mtoto aliyefukuzwa harudi kuuliza tena. Tulimwambia kwamba majivu ya volkano yana chembe zinazobadilika kwa mwendo unaojulikana, na wataalamu huzisoma kama saa. Na kwamba kitabu cha Mwanzo hakikuandikwa kuhesabu miaka ya mawe bali kutujulisha nani aliyeyaumba. Alifikiri kidogo, akasema, "Basi Mungu hana haraka." Baba yake alicheka hadi askari akageuka.

Jioni kambini, tukikung'uta nguo za kaka yake, kijiwe chenye mistari kilianguka kutoka katika soksi. Alisema ni kimoja tu, na kule viko vingi. Kwa kweli hata sisi tuliona ni kidogo. Lakini tulikuwa tumesoma juu ya msitu kama huu ulioko Arizona, Marekani, wenye umri wa zaidi ya miaka milioni 200. Kule wageni walioiba vipande wamekuwa wakivirudisha kwa posta pamoja na barua za kuungama. Watunzaji hawawezi kuvirudisha msituni, kwa kuwa hakuna ajuaye kila kimoja kilitoka wapi, na kipande kilichowekwa pasipo pake humpotosha anayeisoma ardhi. Hurundikwa kando ya njia.

Asubuhi tulichelewesha safari ya kurudi nyumbani tukamwomba askari atupeleke tena. Hakumkaripia kijana, alimwuliza tu, "Ulikuwa umesimama wapi?" Kijana alizunguka magogo matatu, akabishana na dada yake kuhusu la pili, mwishowe akachuchumaa penye alama ya kiatu chake ambayo upepo ulikuwa haujaifuta, akakiweka pale.