Saa ya Ukutani na Saa ya Mwezi

Vijana wetu wa Fizi na Baraka wanapenda sana filamu ambamo mtu anaingia ndani ya mashine, anarudi miaka ya nyuma, anageuza mambo. Sisi walimu wao tunawaambia: kuchezea wakati si mambo ya filamu tu. Kigoma ikiwa saa nne, hapa Baraka ni saa tatu. Ndugu zetu waliokimbilia Tanzania, wakaanza kurudishwa na HCR kwa meli mpaka Baraka mwaka 2005, walishuka na saa moja ya ziada mfukoni. Kisha ukifungua redio, Kinshasa nao wako nyuma yetu saa moja tena!

Na kuhesabu kwenyewe je? Darasani tunasema «huit heures», nyumbani mama anasema saa mbili. Mtoto anabeba hesabu zote mbili bila kujikwaa. Hesabu ya mama inaanzia jua, na hapa kwetu karibu na ikweta jua halibadilishi sana tabia yake: mwaka mzima linatoka karibu na saa kumi na mbili na kutua karibu na saa kumi na mbili. Ajabu ni kwamba ng'ambo, Kigoma, saa zao zinalitangulia jua. Linatoka karibu na saa moja. Basi saa ya Kiswahili inakaa vizuri zaidi Baraka kuliko kule kwa wenyi Kiswahili chao. Tukiwatania hivyo, wanakasirika kidogo.

Wazee wa lubunga, wao, hawakuandika tarehe. Walihesabu kwa mambo. Fulani alizaliwa mbele ya Mulele, yaani mbele ya maasi ya 1964. Mwingine aliposwa mwaka walipokuja Wacuba na Che Guevara, 1965. Wadogo zao ni wa vita ya 1996. Karatasi za serikali zinajua tu «vers 1940». Kwa maoni yetu, lubunga inasema zaidi kuliko karatasi.

Tulipokuwa ISP tulisoma juu ya Mkenya John Mbiti. Katika kitabu chake cha 1969 alichukua maneno mawili ya Kiswahili, Sasa na Zamani, akasema kwamba Mwafrika wa asili ana Zamani ndefu sana, lakini wakati ujao ni mfupi mno, kwa shida unafika miaka miwili. Alitegemea sana lugha za Kikamba na Kikikuyu. Kwame Gyekye wa Ghana alimpinga kwa lugha yake ya Kiakan. Tulibishana juu ya hayo mpaka mshumaa ukaisha.

Sisi tungependa Mbiti angekaa mwezi mmoja ufukoni kwetu. Wavuvi wa ndakala wanavua kwa taa: mwanga unavuta samaki, wavu unawapandisha. Mwezi ukijaa, ziwa lote lina mwanga, taa haina kazi. «Mwezi iko mukubwa, mutu atapata nini?» Ndiyo mbalamwezi: mitumbwi inapandishwa mchangani, nyavu zinashonwa, madeni yanapanda. Lakini kila siku mwezi unakawia kutoka, karibu dakika 50. Siku nne nyuma ya kujaa, mvuvi tayari ana zaidi ya saa tatu za giza mbele ya mwezi kutoka, naye anawasha taa. Mwenye duka anamkopesha unga bila kuandika tarehe; wanapatana tu: «Nitalipa giza ya pili.» Huo si wakati ujao? Ni mfupi, kweli, lakini una hakika kuliko tarehe nyingi za ofisini. Na anayepanda mchikichi anajua atangoja miaka kadhaa mbele ya kuona mawese.

Kuhesabu hakukuletwa na meli hapa. Mwaka 1950 Mbelgiji Jean de Heinzelin alichimbua mfupa wenye mikato mingi kule Ishango, Kivu ya Kaskazini, wa miaka karibu 20,000. Mmarekani Alexander Marshack aliona ndani yake hesabu ya mwezi. Wengine wanaona hesabu tu. Mfupa wenyewe uko Brussels.

Neno letu sasa. Giza likiingia, wavulana wengine wanakosa darasani juu ya kulala ziwani. Huo ndio mshahara unaowalipia masomo. Kwenye rejista wanaandikwa wavivu. Na wale waliokulia kambini wanajua saa ya simu, lakini hawajui mwezi wa leo una siku ngapi, ukiwauliza, wanacheka. Mwaka huu tumepiga mistari myekundu kwenye kalenda ya darasa, kuonyesha siku za giza, na mitihani midogo tumeisogeza kwenye mbalamwezi. Prefe ameiangalia ile kalenda mara mbili. Hajasema kitu bado.