Picha niliyoiacha Biei

Basi la watalii lilitutoa Sapporo asubuhi, simu yangu ikiwa chaji mia. Kule Biei kuna lile bwawa la buluu lililotokea bila kupangwa, baada ya kuta kujengwa kuzuia matope ya volkano ya Tokachi iliyolipuka 1988. Nilipiga picha mpaka vidole vikaganda.

Kisha aliyekuwa akituongoza akatusimulia kuhusu mti mmoja maarufu wa hapo. Mkulima mwenye mti aliukata 2016, na sababu moja ni watalii waliokuwa wakimkanyagia shamba wakitafuta picha kali.

Manze, niliangalia chini. Mguu wangu mmoja ulikuwa tayari kwa shamba la mtu. Nikarudi barabarani, picha nikaiacha. Wasee wa kupost, nyinyi mngerudi?