Nani ameshika kamera?

Mzazi mwenzangu, kuna filamu za kutisha zinazojifanya si filamu. Picha inatikisika, sauti inakatika, na unaambiwa kamera iliokotwa porini, wenyewe hawakuonekana tena. Mtu mzima anashtuka, kisha anacheka. Mtoto anaamini.

Hapa Kilindoni vipande vya namna hiyo vinapita simu hadi simu. Binti yangu wa miaka tisa aliona kimoja: gofu, giza, bibi kizee anageuka ghafla. Usiku alikataa kulala peke yake. Hilo sikulishangaa. Kilichonitia hofu ni asubuhi, alipogoma kupita kwa bibi jirani anayempa mabungo kila msimu. "Amefanana na yule wa kwenye simu," alisema. Katika nchi ambayo wazee wameuawa kwa tuhuma za uchawi, maneno hayo si ya kuchekea.

Nikamsimulia jinsi filamu hizo zinavyotengenezwa. Mfano maarufu ni The Blair Witch Project ya Marekani, iliyotoka mwaka 1999. Waongozaji wake, Daniel Myrick na Eduardo Sánchez, hawakuwa na fedha za kampuni kubwa. Waliwapa waigizaji watatu kamera wajirekodi wenyewe msituni kwa siku nane. Usiku waongozaji ndio waliolitikisa hema na kupiga kelele gizani. Kisha wakabandika matangazo kwamba vijana hao wamepotea, na mama wa mwigizaji mmoja akapokea salamu za rambirambi huku mwanawe yu hai. Filamu hiyo iliingiza zaidi ya dola milioni 240.

Baada ya hapo tukatengeneza yetu. Kaka yake alijifunika kanga, mimi nikakwaruza mlango, yeye akashika simu. Alipoitazama alicheka, kisha akauliza, "Kwa hiyo yule bibi naye aliambiwa ageuke?" Nikajua ameelewa.

Kisiwa chetu ni chepesi kutishia watu. Yapo magofu ya Kua kule Juani, wapo popo wakubwa wa Chole. Ongeza giza na sauti ya upepo, jini limepatikana. Lakini mpeleke mtoto mchana: Kua ataona kuta za mji uliovamiwa na Wasakalava kutoka Madagaska katika karne ya 19, na Chole ataona popo wanaokula matunda, wananing'inia mitini wamelala.

Filamu ikipita Bodi ya Filamu hupangiwa umri wa watazamaji. Kipande cha simu hakipangiwi na mtu. Mpangaji ni wewe. Kaa na mtoto, simamisha video, muulize maswali matatu: nani ameshika kamera? Kwa nini hakukimbia? Nani aliyeituma, na anapata nini?

Na kama mtoto ameanza kumwogopa mzee wa jirani, mshike mkono mwende wote mkamwamkie. Shikamoo moja na marahaba yake humwondolea mtoto hofu kuliko maelezo ya siku nzima.