Kisiwa Kisicho na Bahari



Ndugu wapendwa, tangu turejee kutoka Ngorongoro tumeulizwa maswali mengi, na karibu yote yalikuwa mepesi: kama tulimwona simba, kama baridi ya kule inaizidi ya Matogoro, na kama ni kweli katekista wetu alinyang'anywa chapati na ndege. Simba tulimwona, baridi inazidi, na habari ya chapati ni ya kweli kabisa. Lakini swali moja halikuwa jepesi. Tuliulizwa jioni ya Alhamisi katika Jumuiya Ndogo Ndogo, na mama mmoja ambaye ni mpangaji hapa Mshangano na ambaye kwa kawaida huketi karibu na mlango. Alisubiri mpaka sala ya mwisho imekwisha, kisha akasema kwa sauti ya chini: "Samahani Baba Paroko. Tunaambiwa kila mwezi kwamba mabati ya kigango hayajapatikana. Hiyo safari ya kutazama wanyama iligharimu mabati mangapi?"

Tulimjibu palepale, wala hatukumjibu vizuri. Juma hili tunajaribu tena, na tunaomba uvumilivu wenu, kwa kuwa jibu lenyewe linapitia mbali.

Tulisafiri watu 21, wajumbe wa Halmashauri ya Walei, viongozi wa WAWATA, makatekista na sisi mapadri, kwa basi dogo aina ya Coaster. Nusu ya gharama kila mmoja alijilipia, nusu ilitoka katika mfuko wa parokia. Kutoka Songea mpaka Karatu ni zaidi ya kilomita 1,000: Njombe, Makambako, Iringa, kisha Dodoma tulikolala, Babati, Makuyuni, Mto wa Mbu, na mwisho ule mpando mkali unaoliacha Ziwa Manyara chini kama shuka lililoanikwa. Rozari tuliisali mara nne kwa siku. Wapo waliosinzia katika fumbo la tatu, na hatutawataja.

Karatu tuliliacha basi letu, maana ndani ya kreta gari la namna ile halishuki. Tulikodi Land Cruiser tatu zenye paa la kuinuliwa, kila moja na dereva ambaye ndiye pia mwongoza wageni. Dereva wa gari letu alikuwa kijana wa Kimaasai, mpole, mwenye kusema kidogo. Kabla ya kuwasha gari alitupa masharti: hakuna kushuka isipokuwa mahali palipopangwa, hakuna kutupa chakula, hakuna kuiacha barabara hata kama faru amesimama hatua mia kutoka hapo. "Padri, hapa hata askofu hashuki," akasema, na gari zima likacheka.

Alfajiri ukingo wa kreta ulikuwa umefunikwa na ukungu, nasi tukatetemeka ndani ya makoti tuliyoyadharau wakati wa kufunga mizigo. Ukingo ule uko karibu mita 2,300 juu ya usawa wa bahari. Ghafla upepo ukaupasua ukungu, na chini yetu, kiasi cha mita 600, likaonekana bonde la mviringo lenye upana wa kilomita zipatazo 19, na ziwa jeupe katikati. Hakuna aliyesema neno. Kisha mzee wetu mmoja, Mngoni wa asili ya hapa hapa, akanong'ona kwamba leo watu wa Mshangano wamepata mshangao wao.

Mwongozaji alitueleza kwamba mahali tulipokuwa tukitazama palikuwa na mlima. Wataalamu wa miamba wanakadiria kwamba huenda ulikaribia kimo cha Kilimanjaro. Ulikuwa mlima wa moto, wenye tumbo lililojaa mawe yaliyoyeyuka. Ulipoyatapika na tumbo likabaki tupu, kilele kilikosa cha kukishikilia kikaanguka ndani yake chenyewe. Hayo yalitokea zaidi ya miaka milioni mbili iliyopita. Mama mmoja aliuliza kama habari hizo zinapatana na kitabu cha Mwanzo. Tulimjibu kwa ufupi, kwa sababu gari lilikuwa linayumba, kwamba Mama Kanisa hamwogopi mtu anayepima umri wa mawe. Mwanzo inatueleza ni nani aliyeumba na kwa nini, wala haikuandikwa ili itupe tarehe. Majivu ya milima ya jamaa hiyo ndiyo yaliyozihifadhi zile nyayo za Laetoli, zilizofukuliwa mwaka 1978 na kundi la Mary Leakey: viumbe waliotembea kwa miguu miwili, pamoja, miaka ipatayo milioni 3.6 iliyopita.

Tuliteremka kwa njia ya Seneto. Ni njia ya kwenda upande mmoja tu, na baadhi yetu walifumba macho wakashika medali zao.

Yale tuliyoyaona chini hatuwezi kuyaandika yote. Nyumbu na pundamilia walilala barabarani kama mbuzi wa mitaani kwetu, bila hofu. Heroe walisimama katika maji ya Ziwa Magadi wakaufanya ukingo wake kuwa wa rangi ya waridi. Katika msitu wa Lerai, penye migunga yenye gome la manjano, tulimkuta tembo dume mzee, mwenye pembe zilizokaribia kugusa nyasi. Mwongozaji akasema kwamba tembo wengi wa mle chini ni wazee wa namna hiyo. Majike na watoto wao hukaa zaidi kwenye misitu ya juu. Twiga hayumo kabisa. Faru tulimwona kwa mbali mno, na mzee wetu alishikilia kwamba ni jiwe mpaka jiwe lilipogeuza kichwa.

Mahali pa kulia chakula panaitwa Ngoitokitok, penye chemchemi na viboko. Tulionywa tule ndani ya gari kwa sababu ya mwewe. Katekista wetu, ambaye amefundisha utii kwa miaka mingi, alishuka na chapati mkononi ili apige picha. Hakuna haja ya kuendelea.

Baada ya chakula tuliwakuta simba: majike wanne na dume mmoja, wamelala kando ya barabara kama watu walioshiba pilau ya harusi. Tukadhani kwamba hapa ndipo simba amepata paradiso. Nyama haiishi, maji yapo mwaka mzima, na hakuna mtu anayeruhusiwa kuwagusa. Mwongozaji alizima injini, akatusimulia habari ambayo tangu siku hiyo haijatutoka.

Mwaka 1962, baada ya mvua kubwa kupita kiasi, walizuka mle ndani nzi wanaouma, wa jamaa ya wale wa mazizini, kwa wingi usiohesabika. Simba waliumwa usiku na mchana, wakajaa vidonda, wakakonda, wakashindwa kuwinda. Walipona kama kumi tu. Madume wachache waliingia kutoka nje katika miaka iliyofuata, na kizazi kikaongezeka tena haraka, kwa maana chakula hakikupungua. Ila baada ya hao, kwa miaka mingi, hakuingia mwingine. Wanasayansi waliochunguza damu ya simba wa kreta waliona kwamba wamekuwa ndugu mno. Tofauti kati yao imepungua, na uzazi wa madume umeathirika. Mwaka 2001 maradhi yaliwapukutisha wengi tena. Kwa macho ni wanene na wanang'aa, lakini ni watu wa kisiwa, kisiwa kisicho na bahari.

Tuliuliza, kama wenyeji wa mjini wanavyouliza, kama ukuta wa kreta ndio unaowazuia wengine wasiingie. Kijana yule akatikisa kichwa. "Ukuta simba anaupanda, Padri. Tatizo ni walioko ndani. Mgeni akija, madume wenyeji wanamfukuza. Na huko nje njia yake inapita kwenye maboma ya watu na ng'ombe." Akatueleza pia, na sauti yake ikabadilika kidogo kwa fahari, kwamba siku hizi wapo Wamaasai waitwao Ilchokuti ambao kazi yao ni kuwafuatilia simba na kuwasaidia wafugaji, ili simba avuke asiuawe na ng'ombe walale salama. Katika ukoo ule ule ambamo zamani kijana alipata jina kwa kumchoma simba mkuki, leo kijana anapata kazi kwa kumlinda anapopita.

Kisha akatuonyesha, upande wa pili wa bonde, mahali ambapo bibi yake alikuwa akichunga ng'ombe alipokuwa msichana. Watu walihamishwa kutoka ndani ya kreta mwaka 1974. Na tangu mwaka 2022 wengine kutoka eneo zima la hifadhi wamekuwa wakihamia Msomera, kule Handeni. Hakuongeza neno. Nasi tulikuwa na tiketi mfukoni, tumekaa mahali ambapo bibi yake hawezi kukaa. Ili kuvunja ukimya alitaja kwamba kabla ya vita ya 1914 kulikuwa na Wajerumani wawili ndugu, wa ukoo wa Siedentopf, waliojenga mashamba mle ndani. Mzee wetu, ambaye kama Wangoni wote anaijua habari ya wazee walionyongwa Songea mwaka 1906, akasema tu: "Kumbe na huku walifika."

Jioni tulipanda kwa njia ya Lerai, tumejaa vumbi hadi kwenye nyusi. Tuliimba njia nzima.

Sasa turudi kwa mama yetu. Alipouliza habari ya mabati, tulikimbilia Bethania. Tulimkumbusha yule mwanamke aliyempaka Bwana marhamu ya thamani kubwa, na yule aliyenung'unika kwamba ingeuzwa wakapewa maskini. Tulieleza kwa ufasaha kwamba kuutazama uzuri wa kazi ya Mungu nako ni kusali, na kwamba viongozi walioishi miaka sita katika vikao na malumbano walihitaji kumshukuru Mungu pamoja. Wote wakaitikia kwa vichwa. Mama akasema, "Asante, Baba," akajifunga khanga yake vizuri akaondoka.

Usingizi haukuja usiku ule. Kwani katika habari ya Bethania, kama anavyoisimulia Yohane, aliyenung'unika ndiye aliyekuwa na mfuko wa fedha. Katika Jumuiya yetu mfuko ulikuwa kwetu, na aliyeuliza ndiye maskini. Tulikuwa tumeligeuza Neno la Mungu likamwelekea asiyestahili, mbele ya majirani zake. Bado tunaamini kwamba kwenda kumshukuru Mungu kule hakukuwa dhambi. Kumjibu yule mama hivyo kulikuwa kosa, na tunalikiri hapa, mahali ambapo wote waliosikia jibu lile wanaweza kulisoma.

Asubuhi tulichukua daftari za Jumuiya. Tuliona jambo ambalo tulipaswa kuliona zamani. Majina ya viongozi wa Mshangano, kutoka daftari moja hadi lingine, ni ya koo zilezile saba au nane. Aliyekuwa mwenyekiti amemwachia shemeji yake, mweka hazina ni mtoto wa mweka hazina. Ni watu wema, wachapakazi, wenye kutoa zaka. Wapangaji, ambao katika baadhi ya mitaa yetu sasa ni zaidi ya nusu ya nyumba, wanaotoka Njombe, Mbinga, Mbeya na kwingineko, wameandikwa kwa penseli mwisho wa ukurasa. Mama yetu ameishi hapa miaka miwili. Jina lake limekosewa herufi mbili. Tangazo la safari lilisomwa katika Jumuiya yake baada ya nafasi zote 21 kujaa. Hakuna aliyemfukuza, na wala hakuna aliyemwambia asogee kutoka mlangoni.

Tuliwaita wenzetu wa safari tukawaeleza. Tulipendekeza kwamba ile nusu iliyotoka katika mfuko wa parokia tuirudishe, kila mmoja kwa kadiri yake, mpaka Pasaka, nayo iende kwenye paa la kigango. Hatukukubaliana wote, na si haki kuficha jambo hilo. Wanne wamesema safari ilipitishwa kikaoni kwa kura, basi deni halipo. Wana hoja. Mmoja amesema kwa uchungu kwamba tumeisahau furaha ya siku ile mapema mno. Huyo tumemwomba radhi, kwa sababu hatuisahau. Mpaka leo tukifumba macho tunauona ule ukungu ukipasuka. Waliobaki wameanza kurudisha. Kwa hesabu ya fundi yatapatikana mabati 38, na kigango kinahitaji 60.

Uchaguzi wa viongozi wa Jumuiya umesogezwa mbele kwa mwezi mmoja, ili daftari ziandikwe upya, kwa kalamu, nyumba kwa nyumba. Mkutano wa kulipanga jambo hilo utakuwa Jumamosi saa tisa alasiri, na wapangaji wote wanaalikwa kwa majina. Tulikwenda wenyewe kumwalika yule mama, pale anapokaanga samaki. Hakuwa na kinyongo, ila alikuwa na wateja. Alituuliza kama simba tuliwaona kweli, nasi tukamweleza habari yao yote huku akigeuza samaki. Amesema atakuja akimaliza kuuza. Tulimwomba safari hii asiketi karibu na mlango, naye akacheka, hakuahidi.